Nirudishie Mto

Mkuu wa kituo alikuwa ameshaifunga kesi kabla hajamaliza chai yake ya asubuhi. Mchora ramani amekufa jana jioni, aliyemuua yuko mahabusu, hakimu anakaa saa nane mchana. "Nenda kaniandalie maelezo yasiyo na matundu," alimwambia mpelelezi. Hakusema nenda kachunguze. Katika mji ule, tangu mto uhamishwe, kuchunguza kulikuwa kumekauka pamoja na vitu vingine vingi.

Mpelelezi mwenyewe aliitwa Kwani. Hilo halikuwa jina alilopewa na wazazi wake, ila alishindwa kuuliza swali lolote bila kulianza na neno hilo, na kwa vile kazi yake ilikuwa kuuliza, hata mkewe aliishia kumwita hivyo. Alikuwa mtu mrefu, mwenye mdomo wa kununa na viatu vilivyopigwa soli upya mara nyingi. Kesi zinazoletwa zikiwa zimeshaiva alizichukia kama mtu anavyochukia kulishwa kwa kijiko.

Sajini alikuwa anamsubiri katika chumba cha marehemu, daftari mkononi, uso umemchangamka. Maiti ilikuwa bado kitandani, imefunikwa shuka.

"Afande, hii haina maswali," Sajini alisema. "Jana alasiri yule mtia rangi nguo wa bondeni amekuja hapa, akagomba na mzee mpaka barabarani wakasikia. Alimwambia, 'Utaurudisha mto, au utaufuata ulikokwenda!' Jioni, jirani anasikia sauti humu ndani: rudisha mto, rudisha mto. Halafu kimya. Binti anamletea baba yake uji, anamkuta ameshakata roho. Sasa nani mwingine katika mji huu anadai mto?"

"Watu wote wa bondeni," Kwani alijibu. "Kwani wote mmewaweka ndani?"

Sajini akacheka kidogo, kisha akaona kwamba mwenzake hacheki.

Kwani alilifunua shuka. Mzee alikuwa mwepesi, mifupa na ngozi. Blanketi lilikuwa sakafuni. Nyuma ya mabega yake kulikuwa na koti zito la baridi lililoviringishwa likasukumwa chini ya mgongo, mkono mmoja wa koti ukiwa umebaki nje.

"Dalili za mapambano," Sajini alisema, akionyesha blanketi.

"Kwani mtu akikabwa hupata nafasi ya kujiviringishia koti mgongoni?"

"Labda aliviringishiwa."

"Na muuaji. Ili alale vizuri."

Shingoni hapakuwa na alama yoyote. Daktari alikuwa ameshapita asubuhi na kuandika kwamba marehemu amekosa pumzi, basi. Sajini alikuwa ameongeza kwa mwandiko wake mwenyewe: midomo imekutwa ya bluu, na mikono ya mshukiwa ni ya bluu pia. Kwani alisoma mstari huo mara mbili, akalifunga daftari polepole.

"Hiyo ni rangi ya mtu aliyekosa hewa, Sajini. Haitoki kwenye pipa la rangi ya nguo."

"Ndiyo, afande."

"Futa."

Wakati Sajini anafuta, Kwani aliutazama mlango. Ufunguo ulikuwa umechomekwa kwa upande wa nje. Aliuzungusha: kitasa kilikuwa laini, kimetiwa mafuta. Alijikuna kidevu. Mlango wa nyuma wa nyumba, ule wa uani, ulikuwa na komeo lililovunjika zamani, na yeyote angeweza kupita. Hilo lilimsaidia Sajini. Ufunguo huu haukumsaidia mtu.

Karakana ya ramani ilikuwa chumba cha mbele, chenye madirisha makubwa na meza ndefu iliyoinama. Karatasi zilitapakaa kila mahali: nyingine zimetundikwa kwa vibanio kama nguo, nyingine zimetandazwa sakafuni na kukandamizwa kwa mawe. Binti wa marehemu alikuwa amesimama katikati yake. Mwanamke wa makamo, nywele amezifunga kitambaa, vidole vimeiva kwa wino. Hakuwa analia. Alikuwa na uso wa mtu aliyemaliza kulia na bado hajapata cha kufanya.

"Usikanyage mlima, afande," alisema.

Kwani aliinua mguu haraka. Chini ya kiatu chake kulikuwa na karatasi yenye milima.

"Na wewe, baba, hamia kule. Umesimama juu ya soko."

Sajini akaruka pembeni kama aliyekanyaga kaa la moto. Kwani alitabasamu kwa mara ya kwanza siku ile. "Kwani hapa hamsemi ramani ya mlima?"

"Ukisema ramani humu ndani utaulizwa ipi. Tunasema kunja mlima, lete soko, tundika bandari. Nimekua hivyo." Aliokota jiwe moja, akalirudisha palepale. "Nilianza kumkorogea baba wino kabla sijajua kusoma."

"Nieleze kazi yenyewe. Mji mzima unaijua, lakini mimi sijawahi kuiona."

Alimweleza, na alipokuwa anaeleza kazi, sauti yake ilipata nguvu. Baba alichora kama mchoraji mwingine yeyote, kwa kalamu na rula. Tofauti ilikuwa mwisho. Mstari ukiwa bado mbichi, aliinama na kuupuliza mpaka ukauke. Mstari uliokaushwa na pumzi yake, huko nje ardhi iliufuata: palipochorwa barabara palifunguka barabara, palipochorwa kisima palitoka maji. Ulioachwa ujikaukie wenyewe ulibaki wino tu, wa kutundika ukutani.

"Na pumzi aliyoitoa?"

"Haikurudi." Alisema hivyo bila kupamba. "Kisima kilikuwa kinampa kikohozi cha siku mbili tatu. Daraja, wiki. Halafu Mkuu wa mji akataka mto upande mlimani, upite chini ya roshani zake na za marafiki zake. Mto kupanda mlima, afande! Baba alikataa. Wakamwambia kukataa si kitu kilichomo kwenye orodha ya majibu. Aliupuliza mchana kutwa, na alipoinuka pale mezani hakuwa baba yangu tena. Tangu siku hiyo halali chali. Analala nusu kaketi, kama abiria wa safari ndefu. Hawezi kuzima mshumaa."

"Kwa hiyo mto ndio uliommaliza."

"Mto ulimbakizia pumzi moja nzuri." Alicheka kicheko kibaya. "Unajua ilikwenda wapi? Kwenye kona ya barabara ya Mkuu. Gari lake lilikuwa linakwaruzwa na ukuta kila likipinda. Wakaja hapa na barua yenye muhuri: tafadhali legeza kona. Baba akailegeza. Sasa gari linapinda bila kugusa."

Sajini alitazama viatu vyake. Kwani alikuwa ameipita kona hiyo asubuhi ileile, akaona dereva anaipinda kwa mkono mmoja huku anapiga mluzi. Kilichompanda kifuani kilikuwa hasira tupu, na hakuwa na pa kuiandika.

Mezani kulikuwa na kikombe cha bati chenye alama za vidole vya bluu.

"Alikunywa hapa?"

"Mtia rangi. Nilimpa maji, na nikaona aibu palepale nilipompa. Ametoka bondeni ambako watu wanapanga foleni kisimani, mimi nampa kikombe cha maji kana kwamba ni zawadi." Aliegemea meza. "Alianza kwa kugomba, akamaliza kwa kupiga magoti. Alisema ana nguo zimeganda rangi, hana pa kuzisuuza, wateja wamekwenda kwingine, mkewe naye amekwenda kwao. Baba akamtikisia kichwa."

"Kukubali?"

"Kukubali."

"Kwani alisema nini?"

"Hakusema kitu. Alikuwa hana pumzi ya kusema na ya kutikisa kichwa kwa pamoja."

"Ukafanya nini?"

"Nilimsindikiza mgeni mlangoni."

"Halafu?"

"Halafu nikapika uji."

Kwani aliliacha jibu hilo lininginie. Kati ya alasiri na uji kulikuwa na jioni nzima, na huyu mwanamke alikuwa ameiruka kama mtu anayeruka dimbwi. "Kwani mlango wa baba yako hufungwa kwa nje?"

"Ufunguo unakaa pale siku zote," alijibu, upesi kupita kiasi.

Fundi cherehani, jirani wa ukuta kwa ukuta, alikuwa mtu mnene mwenye futi shingoni na pini mdomoni, na alizungumza bila kuzitoa. Aliwakaribisha kwa furaha ya mtu ambaye tangu asubuhi amesimulia kisa hicho kwa kila mteja na bado hajachoka.

"Mimi si mtu wa kusikiliza ya watu, afande. Ila ukuta ule ni mwembamba, na masikio sikujipa mwenyewe."

"Ulisikia nini hasa?"

"Rudisha mto. Mara nyingi. Nikajua tu ni yule wa bondeni amerudi. Nani mwingine?"

"Kwani ulimwona?"

"Kumwona wapi? Nilikuwa nashona suruali ya harusi. Nikizungusha cherehani sisikii, nikisimama kukata uzi nasikia. Kwa hiyo nimesikia vipande."

Kwani alimtuma Sajini arudi nyumba ya pili, asimame mlangoni pa chumba cha marehemu na kusema maneno hayo kwa ukali. Wakasubiri. Sauti ya Sajini ikaja nene, imejaa chumba: rudisha mto!

"Ndivyo?"

Fundi alitikisa kichwa. "Hapana. Hiyo imetoka mbali na ina kifua. Ya jana ilikuwa hapa hapa." Aligonga ukuta karibu na meza yake, chini, usawa wa goti. "Tena nyembamba. Kama mtu anayepanda ngazi na mzigo."

Kwani alitoka mwenyewe akampa Sajini maelekezo mapya, kisha akarudi kwa fundi. Sajini hakuyapenda hata kidogo, lakini alipiga magoti sakafuni kando ya kitanda chenye maiti, akausogeza mdomo karibu na ukuta na kusema kwa sauti ya chini, huku akiomba radhi kwa marehemu kati ya neno na neno.

"Hapo!" Fundi alizitema pini kiganjani. "Hapo ndipo. Lakini maneno si hayo. Hakusema rudisha. Alisema nirudishie. Nirudishie mto."

"Una hakika?"

"Sasa nimekumbuka. Na kabla yake kulikuwa na mama."

"Mama gani?"

"Mama tu! Mama, nirudishie mto. Nilidhani ni kile cha mtu aliyejigonga kidole, mama yangu weee. Sikukitia maanani."

Kwani aliutazama ukuta. Nyumbani kwake alikuwa na binti aliyempa jina la mama yake mzazi, na tangu alipozaliwa hakuwahi kumwita kwa jina. Mama njoo, mama kula, mama umekasirika nini. Mtia rangi asingemwita mwanamke yule mama. Angemwita dada, au angemwita binti wa muuaji wa mto, kutegemea hasira. Nyumba ile ilikuwa na mtu mmoja tu wa kumwita mama, na alikuwa amelala chini ya shuka.

Kwa hiyo sauti ilikuwa ya marehemu mwenyewe. Mtia rangi alikuwa mahabusu kwa maneno ya mtu mwingine.

Lakini Kwani hakufurahi, maana swali jingine lilikuwa limeingia mlango uleule. Kama mzee ndiye aliyekuwa anaomba, na binti ndiye aliyekuwa anaombwa, alinyimwa kitu gani mpaka akafa?

Alirudi kwa njia ya uani. Ndipo alipokiona. Juu ya ukuta mfupi, palipopata jua la mchana, kulikuwa na mto wa kulalia, mkubwa, wa sufi, umevuliwa foronya. Foronya yenyewe ilikuwa kwenye kamba. Kwani aliushika mto: juu ulikuwa umeanza kukauka, lakini chini ulikuwa umelowa umande. Ulikuwa umelala nje.

Alisimama pale akikipanga upya chumba kichwani mwake. Godoro, shuka, blanketi, koti. Kitanda cha mgonjwa anayelala nusu kaketi, na hakuna cha kuegemea. Akajiita mjinga kwa sauti. Halafu akafikiria lile ambalo mpelelezi yeyote angelifikiria: mto uliotolewa chumbani, foronya iliyofuliwa, mlango unaofungwa kwa nje, mtu aliyekosa pumzi bila alama shingoni. Saa ilikuwa inakaribia sita. Alijiona ameshafika.

Aliuingiza mto karakanani akauweka juu ya meza iliyoinama. Ukateleza kidogo, ukasimama kwenye ukingo.

"Kwani huu ulikuwa unafanya nini ukutani?"

Binti aliutazama kama mtu anayeonyeshwa kiatu chake mwenyewe. "Niliuanika. Jana mchana, nilipofua foronya. Baba anatoka jasho sana usiku."

"Ulifua foronya siku aliyokufa."

"Nilifua mchana. Alikufa jioni." Kisha akaelewa anachoulizwa. "Unadhani nilimfunika baba uso? Kwa mto? Mimi?"

"Mlango ulifungwa kwa nje. Nani aliufunga?"

Sajini, aliyekuwa mlangoni, alikohoa.

"Mtia rangi atasimama mbele ya hakimu saa nane," Kwani alisema. "Unajua watu wa mlimani watakavyofurahi kumnyonga mtu wa bondeni. Alichofanya ni kunywa kikombe chako cha maji. Kwani utamwacha?"

Binti alikaa kwenye kigoda. Alipozungumza, alimtazama Sajini badala ya Kwani, labda kwa sababu Sajini alikuwa na uso laini zaidi.

"Nilimfungia mimi. Nilimfungia ili aishi. Nilipoona ametikisa kichwa nilijua anachotaka kufanya. Alikuwa na pumzi ya kumfikisha labda mwezi, labda miwili, na alitaka kuimwaga yote kwenye mto. Mimi watu wa bondeni nawaonea huruma, lakini baba ninaye mmoja. Nikamrudisha chumbani. Nikachukua kalamu, nikachukua wino, nikachukua na mto aliouficha chini ya godoro, nikafunga mlango."

"Mto. Karatasi."

"Mto, ndiyo. Tumegombana vibaya. Nilimwambia maneno ambayo..." Aliacha. "Nikakaa nje ya mlango. Giza lilipoanza kuingia akaanza kuita. Mama, nirudishie mto. Nikamwambia sikupi. Akaniita tena, akibembeleza kama mtoto. Mama, tafadhali, nirudishie mto, siwezi. Nikamwambia, baba, mto utakuua, acha kuusema huo mto. Nikaziba masikio. Aliponyamaza nikasema afadhali, amelala. Nikaenda jikoni."

Kwani alikuwa ameanza kuelewa. Alitaka kusimamisha mambo palepale, lakini kazi ina mwendo wake. "Iko wapi hiyo karatasi?"

Aliitoa nyuma ya kabati, imekunjwa na kufungwa uzi. Hakuwa ameifungua tangu aichukue. Waliitandaza juu ya meza, kando ya ule mto wa sufi. Mto mpya ulipanda mlimani kwa wino mwembamba uliozama ndani ya karatasi, kama wino wote aliopuliza mzee. Lakini chini, kwenye mkondo wa zamani, palipita mstari mwingine. Huu ulikuwa unang'aa juujuu kama lami, umekauka wenyewe, na vumbi lilikuwa limeushika.

Binti aliinama mpaka pua ikakaribia karatasi. "Huu siujui," alisema. "Huu ni mkono wa baba. Ameuchora lini?"

"Vumbi hilo si la jana."

"Ameshajaribu." Aliugusa kwa ukucha, na kipande kidogo kikabanduka. "Kabla huyo mtia rangi hajaja. Amejaribu peke yake na pumzi haikutosha. Mbona hakuniambia? Sasa kama alijua hawezi..."

Kwani alikuwa ameshauliza maswali mengi maishani mwake, na lile moja hakutaka kuliuliza yeye.

"Kama alijua hawezi, aliutaka wa nini?" binti aliendelea, polepole. "Alisema mto, afande. Alisema wazi kabisa. Na humu ndani mto ni..."

Macho yake yalitoka kwenye karatasi yakaenda kwenye kile kitu cha sufi kilichokaa ukingoni mwa meza, bila foronya, kimelowa upande mmoja.

Hakupiga kelele. Alitoa sauti ndogo, kama mtu aliyejichoma sindano, akaibana kinywani kwa mkono wenye wino. Sajini akageuza uso. Kwani aliona uchungu wa waziwazi, usio na mahali pa kuushikia, na alijuta kuwa na akili.

"Hakuweza kulala bila huo," binti alisema baadaye. "Nilijua. Mimi ndiye niliyekuwa nampangia kila usiku. Nilimwambia mto utakuua."

"Ulimwelewa kama mlivyozoea kuelewana."

"Nimemuua mimi?"

"Sheria haina kifungu cha..."

"Sijakuuliza sheria."

Binti aliinuka, akaenda uani akaianua foronya, akauvisha mto pale pale amesimama. Wakamfuata mpaka chumbani. Alilitoa koti, akamwinua baba yake kwa mkono mmoja nyuma ya mabega, akausukuma mto mahali pake. Aliupigapiga mara mbili ili sufi ivimbe, kama alivyofanya kila usiku.

"Huo hapo, baba," alisema. "Nimekurudishia."

Kisha, bila kugeuka, alimwambia Kwani aandike. Na aandike wazi: mto wa kulalia. Asije hakimu naye akakosea.

Hakimu hakukosea, ila alikasirika. Mkuu wa kituo alikasirika zaidi. "Unataka nikamwambie Mkuu wa mji kesi imekufa kwa ajili ya mto wa kulalia?" alifoka. Lakini maelezo hayakuwa na matundu, kama alivyoagiza mwenyewe, na fundi cherehani alisimama mbele ya watu akarudia neno lile mama kwa madaha ya mtu aliyeshikilia jukwaa. Kabla ya saa kumi mtia rangi alikuwa nje.

Alikuwa mtu mfupi, bluu mpaka viwikoni. Kwani alimkuta ameketi kwenye ngazi za kituo, hana haraka ya kwenda popote.

"Sijakushukuru, afande."

"Hujalazimika."

"Unajua, mahabusu sikulala vibaya," mtia rangi alisema. "Walinisomea maelezo ya jirani. Kwamba kulikuwa na sauti ya rudisha mto. Nikajua si yangu, basi ni ya mzee. Nikasema hata wakininyonga, yule mtu amekufa akiwa na mto wetu mdomoni. Anatuwaza. Nikapata usingizi." Alisugua mikono yake mikavu. "Leo mnaniambia alikuwa anataka kuegemea."

"Alikuwa anataka kuvuta pumzi."

"Mto wetu hakuutaja."

"Hakuutaja."

Mtia rangi alitikisa kichwa mara nyingi, kama anayehesabu. Mbele yao gari la Mkuu lilipita, likaipinda kona ya barabara kwa upole, bila kugusa ukuta, likaondoka.

Kwani aliitoa karatasi ndani ya koti. Hakuwa na ruhusa ya kuionyesha. Aliikunjua magotini akamwonyesha ule mstari uliong'aa, mkondo wa zamani, ukipita pale pale penye yadi yake ya kutia rangi ambako nguo zilikuwa zimeganda. "Aliuchora siku nyingi, wewe hujaja. Aliishiwa pumzi. Ameshindwa kuukausha."

Mtia rangi aliutazama kwa muda. Kisha akaichukua karatasi kwa vidole vyake vya bluu, akaisogeza karibu, akajaza kifua na kuupuliza mstari ule, kutoka juu mpaka chini, taratibu, kwa pumzi ndefu ya mtu mzima mwenye afya. Vumbi likaruka. Wote wawili wakatega sikio upande wa bondeni.

Kulikuwa na mlio wa ndoo, mbali, kwenye foleni ya kisima.

"Hiyo ni kielelezo cha kesi," Kwani alisema mwishowe, na akanyoosha mkono.

Mtia rangi hakuiachia. "Kwani kuna kesi tena?"

Kwani alifikiri. Akaurudisha mkono mfukoni, na mtia rangi akaikunja karatasi, akateremka nayo bondeni.